Gemu zilianzia wapi? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ubishi kuhusu gemu ya kwanza duniani haukosekani popote penye vijana na pedi mbili za gemu. Mmoja atasema Pong, mwingine Mario, wa tatu ataapa ni ile ya nyoka kwenye simu za zamani. Hapa nimekusanya maswali ninayoulizwa zaidi. Mengine yanaisha kwa sentensi mbili, mengine yana kesi ya mahakamani ndani yake, kwa hiyo usishangae majibu yakipishana urefu.

Kwa kifupi, gemu ya kwanza ni ipi?

Niambie kwanza unachokiita gemu. Ukiridhika na nukta ya mwanga inayoendeshwa kwa mkono kwenye kioo, jibu ni 1947. Ukitaka lazima kompyuta iwemo, anzia 1950 hadi 1952. Ukitaka kitu kilichotengenezwa ili watu wafurahi tu, wengi watakupeleka 1958. Ukitaka programu iliyotoka kwenye mashine moja ikaenda kuchezwa kwenye nyingine, ni 1962. Na ukitaka kitu ambacho mzazi angekinunua dukani akakichomeka kwenye runinga ya sebuleni, ni 1972.

Mimi nikibanwa sana nachagua Spacewar! ya 1962, kwa sababu karibu zote zilizoitangulia zilifia palepale zilipozaliwa. Lakini sitakukatalia ukichagua nyingine.

Mbona kila mtu anasema Pong?

Kwa sababu Pong, gemu ya tenisi ya meza ya kampuni ya Atari, ndiyo ya kwanza kuleta hela nyingi. Aliyetajirika ndiye anayekumbukwa.

Hiyo ya 1947 ilikuwaje?

Wahandisi wawili Wamarekani, Thomas T. Goldsmith Jr. na Estle Ray Mann, waliomba hataza tarehe 25 Januari 1947, wakapewa tarehe 14 Desemba 1948. Hataza ni ile haki ya mvumbuzi inayowazuia wengine kutengeneza kitu chake bila ruhusa. Wote wawili walitoka kampuni ya DuMont, watengenezaji wa televisheni.

Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimemalizika juzi tu, na wazo lenyewe lilitokana na vioo vya rada. Mchezaji anazungusha vitufe, nukta ya mwanga inakwenda mkunjo kama kombora lililofyatuliwa, naye anajaribu kuifikisha kwenye ndege kabla muda haujaisha. Ndege yenyewe haikuwa ndani ya mashine: ilichorwa kwenye plastiki angavu iliyobandikwa juu ya kioo. Ukipatia, nukta inatanuka na kufifia, kama mlipuko. Hapakuwa na programu wala kumbukumbu, ni saketi tupu. Haikuuzwa hata moja. Ila kumbuka hiyo plastiki, tutakutana nayo tena miaka 25 baadaye.

Kompyuta zilianza lini kucheza?

Mara tu zilipoanza kuwepo, karibu niseme. Mwaka 1950, kwenye maonyesho makubwa ya Toronto, Kanada, Josef Kates alisimamisha mashine ya urefu wa mita nne iliyoitwa Bertie the Brain. Ilicheza ule mchezo wa X na O kwenye visanduku tisa ambao sote tuliuchora nyuma ya daftari mwalimu akigeukia ubaoni. Kates alitaka kutangaza valvu ya kielektroniki, kipuri cha kompyuta za enzi hizo, aliyoivumbua mwenyewe. Mchezo ulikuwa chambo tu. Mwaka uliofuata kampuni ya Ferranti ya Uingereza ikaleta Nimrod, mashine ya kucheza Nim, mchezo wa kupunguza vijiti kwa zamu. Hizi mbili zilionyesha mchezo kwa taa za kuwaka na kuzima, wala si kwa kioo, na ndiyo maana wengine wanakataa kuziita gemu za video.

Kwenye kioo tunafika 1952. Alexander Douglas, mwanafunzi wa uzamivu wa Cambridge aliyekuwa akiandika kuhusu mawasiliano ya mtu na kompyuta, aliufundisha huohuo mchezo wa X na O kwa kompyuta ya EDSAC. Gemu yake tunaiita OXO. Ilichorwa kwa nukta 35 kwa 16, na mchezaji alichagua kisanduku kwa kuzungusha namba kwenye kiduara cha simu ya mezani, zile za kutia kidole na kuvuta. Ukitaka kisanduku cha tano unazungusha 5, unasubiri kirudi, kompyuta inakujibu. EDSAC ilikuwa moja tu duniani, kwa hiyo hata ungeipenda vipi OXO ungelazimika kuifuata Cambridge.

Wakati huohuo Christopher Strachey, mwalimu wa shule, alikuwa akiandika programu ya drafti, na akaifanikisha kwenye kompyuta ya Chuo Kikuu cha Manchester. Mzee yeyote wa kijiweni angeifunga, lakini ilicheza.

Ni kweli gemu moja ilitengenezwa na mtu wa bomu la atomiki?

Kweli kabisa. William Higinbotham alifanya kazi Los Alamos, maabara ya Marekani iliyotengeneza bomu hilo, wakati wa vita, upande wa saketi za kielektroniki za bomu. Vita vilipoisha akawa miongoni mwa wanasayansi waliosimama kupinga kuenea kwa silaha hizo, na mwenyewe angependa akumbukwe kwa hilo kuliko kwa gemu.

Mwaka 1958 alikuwa kwenye maabara ya taifa ya Brookhaven, jimbo la New York. Kila mwaka maabara ilikuwa na siku za wageni, na wageni walichoka: picha ukutani, mitambo isiyoguswa, maelezo marefu. Kulikuwa na kompyuta ndogo ya analogi ambayo kitabu chake cha maelekezo kilieleza namna ya kukokotoa mwendo wa mpira unaodunda. Higinbotham akachora saketi kwa saa chache, fundi Robert Dvorak akaiunganisha kwa wiki kama tatu, na mwezi Oktoba wageni wakakuta Tennis for Two.

Kioo kilikuwa cha osiloskopu, kifaa cha kuonyesha mawimbi ya umeme, kipenyo cha inchi tano, kama kisosi cha chai. Uwanja ulionekana kwa ubavuni: mstari mmoja wa chini, kijistari kimoja cha wavu, na nukta inayoruka. Kila mchezaji alishika kiboksi chenye kitufe cha kuzungusha kuchagua pembe, na kitufe cha kubonyeza kupiga. Raketi hazikuonekana. Pointi hazikuhesabiwa, mlihesabu wenyewe. Mamia ya watu walipanga foleni. Mwaka 1959 wakaleta kioo kikubwa zaidi na kuongeza mchezo wa kucheza kwa mvutano wa Mwezi au wa sayari ya Mshtarii. Baada ya hapo wakaifumua, kwa sababu vipuri vilihitajika kwenye kazi nyingine.

Higinbotham hakuomba hataza. Hakuona kama ni kitu, na hata angeomba ingekuwa mali ya serikali. Tennis for Two ikasahaulika mpaka miaka ya 1980, ilipochimbuliwa kwa sababu ya pesa. Nitaifikia.

Spacewar! ina nini cha ajabu?

Ajabu ya kwanza ni mahali ilipoishi. Kompyuta ya PDP-1 iliuzwa dola 120,000 wakati huo, na zilitengenezwa hamsini na kitu tu. Moja ilifika chuo cha MIT mwaka 1961, na kundi la vijana wakajiuliza wafanye nini kitakachoonyesha uwezo wake wote. Wazo: vyombo viwili vya angani vinavyorushiana makombora.

Kuandika programu kukamwangukia Steve Russell, naye akawa mzito. Kila akiulizwa ana sababu. Mara ya mwisho alisema hana programu ndogo za kukokotoa sine na cosine, bila hizo chombo hakigeuki. Alan Kotok akawasha gari, akaenda kwa waliotengeneza kompyuta yenyewe, akarudi na utepe wa karatasi wenye programu hizo, akauweka mezani. Visingizio vikaisha. Mwanzoni mwa 1962 gemu ilikuwa inacheza.

Kisha kila mtu akaongeza chake. Peter Samson alikerwa na nyota zilizotawanywa ovyo nyuma ya vyombo, akaweka nyota halisi za angani mahali pake panapostahili. Dan Edwards akaongeza jua la katikati linalovuta, hivyo ukizubaa unamezwa. Viwiko vilipoanza kuuma kwa kung'ang'ania swichi za kompyuta, Kotok na Bob Saunders wakatengeneza viboksi vya kushika mkononi. Pedi unayoishika leo ina babu, na babu huyo alizaliwa kwa maumivu ya viwiko.

Programu ilinakiliwa bure kwenye tepe za karatasi, ikasambaa kwenye vyuo na maabara zenye kompyuta za aina hiyo. Russell hakulipwa hata senti.

Nani baba wa gemu: Ralph Baer au Nolan Bushnell?

Hapa ndipo watu hupigana. Mimi nasema Baer kwa gemu za nyumbani, na Bushnell kwa kuigeuza biashara.

Baer alizaliwa Ujerumani mwaka 1922, familia ya Kiyahudi, wakakimbilia Marekani 1938. Alikuja kuwa mhandisi wa Sanders Associates, kampuni ya New Hampshire iliyotengeneza vifaa vya jeshi. Siku moja ya Agosti 1966 alikuwa kituo cha mabasi New York akimngoja mwenzake, akawaza: Marekani ina mamilioni ya runinga, na hakuna unachoweza kuifanyia runinga zaidi ya kuiangalia au kuizima. Tarehe 1 Septemba akaandika kurasa nne za wazo lake. Kampuni ya vifaa vya kijeshi kuruhusu mhandisi ahangaike na michezo ni jambo la kushangaza, lakini alipewa dola 2,500 na fundi, Bill Harrison. Bill Rusch alipojiunga, akaleta wazo lililoamua kila kitu: nukta ya tatu inayoendeshwa na mashine yenyewe. Nukta mbili za wachezaji zikawa vibao, ya tatu ikawa mpira.

Kifaa cha majaribio cha 1968 kiliitwa Brown Box kwa sababu kilibandikwa karatasi yenye sura ya mbao. Magnavox, watengenezaji wa runinga, wakakinunulia leseni, na Septemba 1972 kikaingia madukani kwa jina Odyssey, kwa takriban dola 100.

Bushnell alikuwa mtu wa aina nyingine. Alisoma uhandisi Utah, akifanya kazi kwenye viwanja vya burudani, kwa hiyo alijua mtu anavyotumbukiza sarafu. Yeye na Ted Dabney walitoa Computer Space mwishoni mwa 1971, Spacewar! ya kulipia kwa sarafu. Haikwenda vizuri: maelekezo marefu, na mteja ameshika bia. Juni 1972 wakasajili Atari, neno la Kijapani lililotoka kwenye go, mchezo wa kete wa ubaoni, unapomtahadharisha mwenzako kwamba kete zake ziko mbioni kuliwa.

Kwa haki, Computer Space haikuwa peke yake. Karibu wakati huohuo, Bill Pitts na Hugh Tuck waliweka Galaxy Game pale Chuo Kikuu cha Stanford, senti kumi kwa mchezo, ndani yake kompyuta kamili iliyowagharimu maelfu ya dola. Watu walijipanga, lakini kwa senti kumi gharama ile isingerudi.

Odyssey ilikuwa kompyuta?

Hapana. Haikuwa na prosesa wala kumbukumbu, ni transista na diodi kama arobaini arobaini. Haikuwa na sauti wala haikuhesabu pointi. Iliweza kuonyesha miraba ya mwanga na mstari, basi. Uwanja wa tenisi, nyumba yenye mizimu na kila kingine kilikuwa kwenye karatasi za plastiki angavu za kubandika kwenye runinga, ileile mbinu ya 1947. Boksi lilikuja na dadu, karata na pesa za bandia. Zile kadi ulizochomeka kubadili mchezo hazikuwa na programu. Ziliunganisha tu waya tofauti ndani.

Ziliuzwa kama 350,000 hivi kwa miaka mitatu. Wateja wengi waliamini inafanya kazi kwenye runinga za Magnavox peke yake, na matangazo hayakusaidia kuwaondoa kwenye kosa hilo.

Hadithi ya Pong kuharibika baa kwa kujaa hela ni ya kweli?

Wenyewe waliokuwepo wameisimulia hivyo. Bushnell alimwajiri Allan Alcorn, akampa kazi ya tenisi ya meza kama zoezi, akimdanganya kwamba kuna mkataba na General Electric. Alcorn akaichukulia kwa uzito. Aligawa kila kibao vipande vinane ili mpira utoke kwa pembe tofauti, na akaufanya uongeze kasi kadiri mnavyopigiana. Bushnell alitaka kelele za mashangilio, lakini vipuri havikuwepo. Alcorn akachokonoa saketi akakuta mlio umo tayari. Ule mlio mmoja mkavu ndio dunia nzima inaujua. Vibao navyo havikufika juu kabisa ya kioo kwa kasoro ya saketi. Wakaiacha, maana bila hiyo mafundi wawili wangecheza hadi asubuhi kwa sarafu moja.

Waliweka mashine kwenye baa ya Andy Capp's, mjini Sunnyvale, California. Baada ya siku chache wakapigiwa simu: imeharibika. Alcorn akaenda, akafungua, akakuta chombo cha sarafu kimefurika hadi mashine imekwama.

Kila nikisoma kisa hiki namkumbuka mwenye banda la gemu la mtaani kwetu na kopo lake la Blue Band lenye tundu juu ya kifuniko. Alikuwa akilitikisa kila jioni, na kwa mlio tu alijua siku imekwendaje.

Na kesi ilikuwa ya nini?

Mei 1972, kabla Pong haijazaliwa, Magnavox walionyesha Odyssey kwa wafanyabiashara huko Burlingame, California. Bushnell alihudhuria, akaicheza tenisi yake, na akasaini kitabu cha wageni. Magnavox walipowashtaki Atari na wengine mwaka 1974, kitabu kile kilikuwa na jina lake ndani. Atari wakaamua kuyamaliza nje ya mahakama mwaka 1976 na kulipia leseni. Waliobaki kubishana walishindwa: Januari 1977 jaji John Grady wa Chicago aliamua kwamba hataza ya Baer ndiyo iliyofungua njia.

Tangu hapo kila aliyetaka kutengeneza gemu za aina hiyo Marekani alilipa, na kwa miaka malipo hayo yakafika zaidi ya dola milioni 100. Sasa fikiria uko upande wa wanaodaiwa. Unachohitaji ni mtu yeyote aliyefanya kitu kama hicho kabla ya 1966. Ndivyo Higinbotham alivyochimbuliwa. Mwaka 1985 Nintendo walikwenda mahakamani wakidai Tennis for Two inaifuta hataza ya Baer. Walishindwa, osiloskopu si runinga. Kwa hiyo lile swali la "ya kwanza ni ipi" mnalobishania vijiweni lilishaulizwa kwa kiapo, na mawakili wakalipwa kwa saa.

Kaseti za kubadilisha alizileta nani?

Jina la kwanza kujua ni Jerry Lawson, Mmarekani mweusi aliyezaliwa New York mwaka 1940. Wakati wahandisi weusi wa Silicon Valley, kitovu cha teknolojia huko California, walihesabika kwa vidole, yeye aliongoza kitengo cha gemu cha kampuni ya chipu ya Fairchild. Tayari alishatengeneza mashine ya gemu kwenye gereji yake kwa mkono wake.

Wazo la awali la kuhifadhi gemu kwenye chipu inayobadilishwa lilitoka kampuni ndogo iitwayo Alpex. Lawson na wenzake wakaligeuza kuwa kitu ambacho mtoto anaweza kukichomeka na kukichomoa mara mia bila kukiua. Si kazi ndogo: meno ya shaba yanachakaa, na umeme tuli wa kidole unaweza kuunguza chipu. Mashine yao, Channel F, ikatoka Novemba 1976, na ilikuwa na kitufe cha kusimamisha mchezo katikati, ili uitikie mama akiita. Mwaka uliofuata Atari wakaja na mashine yao ya kaseti, wakauza kwa mamilioni, na Lawson akasahaulika kwa muda mrefu. Alifariki 2011.

Mbona wavamizi wa Space Invaders wanakimbia wakibaki wachache?

Ilianza kama udhaifu wa mashine. Tomohiro Nishikado wa kampuni ya Taito ya Japani aliitoa gemu hii 1978, na prosesa ilielemewa kuwachora wote. Kila ukiua mmoja mzigo unapungua, waliobaki wanaharakisha. Nishikado aliona inanoga, akaiacha. Hadithi kwamba Japani iliishiwa sarafu za yeni 100 kwa ajili ya gemu hii ni ngano, usiirudie.

Na sisi Afrika Mashariki?

Odyssey na Pong ya nyumbani vilihitaji runinga, na hapo ndipo penye jibu. Kenya ilianza televisheni 1962 na Zanzibar ilikuwa na ya rangi tangu miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara haikuwa na kituo chake hadi 1994. Kwa hiyo wengi wetu tuliruka kizazi kizima: tulianzia kwenye mashine za kuiga Famicom, mashine ya gemu ya Nintendo, zenye kaseti ya gemu chungu nzima ambazo nusu yake zilijirudia kwa majina mengine.

Naweza kuziona au kuzicheza leo?

Spacewar! inachezeka kwenye kivinjari, ukitafuta. PDP-1 nzima, iliyofufuliwa, iko kwenye jumba la makumbusho ya kompyuta huko Mountain View, California, na Brown Box ya Baer iko Smithsonian, makumbusho ya taifa ya Marekani. Brookhaven nao waliijenga upya Tennis for Two miaka ya 1990. Ukibahatika kununua Odyssey ya zamani, kagua kwanza kama karatasi za plastiki zipo, ndizo hupotea. Na zilishikilia kwenye kioo cha runinga kwa umeme tuli, kwa hiyo kwenye runinga za kisasa andaa gundi ya karatasi.